Chatu wa Masimulizi, Swila wa Chumbani



Tangu nianze kufundisha baiolojia, kila darasa huniuliza swali moja: kati ya chatu na swila, nani hatari zaidi? Nyuma ya swali hilo huwa pana jingine ambalo wanaona haya kulitamka, yaani wakipigana nani atashinda. Nitayajibu yote mawili, ingawa la pili nitalipitia mbio kwa sababu halimponyi mtu. La kwanza ndilo lililonileta, maana naona tumezoea kulijibu vibaya. Hofu yetu ya nyoka tumeipima kwa urefu wa mwili wake, na kipimo hicho kinatugharimu maisha ya watu.

Kwanza tuelewane kuhusu majina. Chatu hana utata. Fira nitamwita kila nyoka wa ule ukoo unaotanua shingo akikasirika, na swila nitamwita yule fira anayetema sumu. Najua majina haya hubadilishana kutoka mji hadi mji, na bibi yangu mwenyewe asingekubaliana nami. Kwa saa hii moja tuyatumie hivyo.

Mwaka 2009, wakati wa Pasaka, si mbali na hapa Malindi, mfanyakazi mmoja wa shamba alimkanyaga chatu. Chatu akamviringa, akamburuta hadi juu ya mti. Yule bwana alimng'ata mkia, akamfunika kichwa kwa shati ili asipate kummeza, na mkono ulipopata nafasi akachomoa simu mfukoni akaomba msaada. Polisi na wanakijiji wakamteremsha kwa kamba. Habari ile ilizunguka dunia. Chatu naye alikamatwa, kisha akatoroka, jambo ambalo nadhani liliifanya hadithi iwe tamu zaidi.

Sasa niwaulize. Nani humu anamjua, kwa jina na kwa sura, mtu aliyeuawa na chatu? (Hakuna aliyeinua mkono.) Na nani anamjua mtu aliyeumwa na swila, au moma, au koboko, akafa, au akakatwa kidole, au akabaki na kovu linalomzuia kukunja goti? (Mikono mingi iliinuka.)

Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba watu wapatao milioni 5.4 huumwa na nyoka kila mwaka, na kwamba kati ya 81,000 na 138,000 hufa. Wanaobaki na kiungo kilichokatwa au ulemavu wa kudumu ni kama mara tatu ya hao. Hesabu hiyo ni ya sumu. Vifo vya chatu haviwezi hata kuonekana ndani yake.

Sisemi kwamba chatu ni mnyama wa kuchezewa. Mwaka 2013, huko Campbellton nchini Kanada, chatu wa Afrika aliyekuwa akifugwa ndani ya nyumba alitoroka usiku akawaua watoto wawili waliokuwa wamelala. Chatu wetu akikua vizuri hupata mita tatu hadi nne na nusu, na wachache hupita tano. Mnyama huyo humeza swala, ngiri mdogo, mbuzi, mbwa, kenge, nyani. Mtoto mdogo hana tofauti kubwa na swala mdogo. Lakini wanaoishi na chatu jirani yao wanajua kwamba yeye hutumia maisha yake karibu yote akijificha, na mtu mzima si chakula anachokitafuta.

Hebu tumtazame anavyofanya kazi, kwa maana hapo pana mambo ambayo hata vitabu tulivyosomea sisi viliyakosea.

Chatu hana sumu. Ana meno mengi membamba yaliyopinda kuelekea kooni, na kazi yake ni kushika tu. Midomoni ana vishimo vinavyohisi joto, kwa hiyo usiku wa giza totoro panya mwenye damu moto humwonekea waziwazi. Fira hana kitu hicho. Chatu husubiri. Anaweza kulala mahali pamoja kando ya njia ya wanyama kwa siku nyingi. Akishambulia, kinywa hukamata, na kufumba na kufumbua mapindo mawili matatu yamekwisha kuzunguka kifua.

Tulifundishwa kwamba hapo mnyama hufa kwa kukosa pumzi. Nami nilifundisha hivyo, kwa kuwa ndivyo kilivyosema kitabu. Mwaka 2015 Scott Boback na wenzake wa Chuo cha Dickinson, Marekani, walichapisha matokeo ya jaribio walilolifanya kwa boa, nyoka wa Amerika anayeua kwa namna ileile. Waliweka vifaa ndani ya mishipa ya panya waliotiwa usingizi, wakawaacha boa wawabane, wakasoma shinikizo la damu. Ndani ya sekunde chache tu damu haikuwa ikipita tena. Kifua kikibanwa namna ile, moyo hausukumi kitu, sawa na mpira wa kumwagilia bustani uliokanyagwa. Ubongo hukosa damu, mnyama huzimia, na moyo wenyewe huvurugika mapigo. Kama nyoka angesubiri pumzi iishe, ingechukua dakika kadhaa, na katika dakika hizo ngiri mwenye meno angeweza kumchana nyoka vipande.

Boback huyo alikuwa amefanya jaribio jingine miaka mitatu kabla, ambalo mimi hulipenda zaidi. Aliwapa boa panya waliokwisha kufa, lakini ndani ya baadhi yao alitia moyo wa bandia unaopiga. Pale moyo ulipopiga, nyoka waliendelea kubana kwa nguvu na kwa muda mrefu. Ulipozimwa, walilegeza. Maana yake nyoka anayasikia mapigo ya windo lake kupitia ngozi yake, na anajua lini aache. Kubana ni kazi nzito, inayokula nguvu, na mnyama hataki kuifanya hata nukta moja zaidi ya inavyohitajika.

Kisha humeza. Hapa pana uzushi mmoja unaodumu, kwamba nyoka huteguka taya. Hateguki chochote. Pande mbili za taya lake la chini hazikuungana kwa mfupa kidevuni kama zetu, zimeshikwa na kano zinazovutika, na nyuma taya limening'inia kwenye mfupa mrefu unaojipanua. Kila upande hutembea peke yake: kulia husogea mbele, halafu kushoto, na windo linaingia polepole, kichwa kwanza. Wakati huo tundu la kupumulia husukumwa mbele, pembeni mwa kinywa, ili asijinyonge kwa chakula chake mwenyewe.

Akishameza ndipo gharama yake halisi inapoanza. Stephen Secor na Jared Diamond walimchunguza chatu wa Burma, ndugu wa chatu wetu, wakakuta kwamba katika miezi ya kufunga tumbo lake huwa limezimwa karibu kabisa. Akila, utumbo huongezeka uzito karibu mara mbili, tumbo linalokuwa halina asidi huwa kali ndani ya muda mfupi, na matumizi ya nguvu mwilini yanaweza kupanda mara arobaini. Moyo wenyewe hukua kwa kiasi cha asilimia 40 ndani ya siku mbili tatu, kisha kazi ikiisha hurudi ulivyokuwa. Mwaka 2011 Leslie Leinwand na wenzake wa Chuo Kikuu cha Colorado waligundua kwamba mafuta fulani yaliyomo katika damu ya chatu aliyekula, yakidungwa kwa panya, huukuza moyo wa panya kwa afya, kama unavyokua moyo wa mkimbiaji. Watu wenye maradhi ya moyo wana sababu ya kufuatilia kazi hiyo.

Ila kwa mnyama mwenyewe, wiki ile ya kumeng'enya ni wiki ya hatari. Ni mzito, hawezi kukimbia, na akisumbuliwa hulazimika kutapika mlo alioupata kwa taabu. Picha nyingi mnazotumiana kwenye simu, za chatu aliyevimba katikati akiwa amezungukwa na watu wenye mapanga, ni za mnyama katika saa yake dhaifu kuliko zote.

Fira amechagua njia nyingine kabisa. Yeye hakununua misuli, amenunua kemia. Sumu ni mate yaliyobadilika, yanayotengenezwa na tezi nyuma ya jicho na kupita ndani ya chonge mbili fupi zilizosimama imara mbele ya kinywa. Kuitengeneza kunachukua siku na chakula, kwa hiyo naye ana ubahili wake. Mara nyingi fira huanza kwa kusimama, kutanua shingo na kuvuma, akitumaini utaondoka. Mbavu za shingo yake hufunguka na ngozi ikavutika. Mwili haujaongezeka hata gramu moja, ila aliyesimama mbele yake huona mnyama mara mbili.

Katika sumu ya fira wengi, kama fira wa Misri na fira wa misituni, kilicho kikuu ni kile kinachoshambulia mahali mshipa wa fahamu unapoipa amri misuli. Chembe za sumu hukaa pale ambapo ujumbe ulipaswa kupokelewa, na amri hiyo haifiki. Mgonjwa huanza kulegea kope, macho hayafunguki vizuri hata akitaka. Kisha ulimi unakuwa mzito, mate hayamezeki, shingo haishiki kichwa. Mwisho misuli ya kupumua hunyamaza. Akili inaweza kuwa timamu muda huo wote. Daktari mwenye mashine ya kupumulia na subira anaweza kumwokoa mtu huyu hata dawa ikichelewa, kwa kuwa misuli yenyewe haijafa.

Kuna fira wa maji katika Ziwa Tanganyika, na wavuvi wa Kigoma na Bujumbura wanamfahamu. Yeye anakula samaki, na watu hawasumbui sana. Namtaja ili mjue kwamba ukoo huu hauna tabia moja.

Swila ndiye ninayetaka kukaa naye.

Pwani hii ina swila ambaye wataalamu hawakumpa jina lake hadi mwaka 2007, pale Wolfgang Wüster na Donald Broadley walipomtenganisha na ndugu zake na kumwita Naja ashei. Jina hilo ni la James Ashe, aliyeanzisha na mkewe kituo cha nyoka cha Bio-Ken hapo Watamu, na ambaye kwa miaka mingi alisisitiza kwamba swila huyu mkubwa wa rangi ya udongo si yule wa shingo nyeusi tuliyemzoea. Alifariki mwaka 2004, jina halijatoka. Huyu ndiye mkubwa kuliko swila wote wanaotema, hupita mita mbili, na mmoja aliyekamuliwa Watamu alitoa zaidi ya mililita sita za sumu kwa mara moja. Nawaomba wanafunzi waliokuja leo walikumbuke hilo: nyoka mkubwa kuliko wote wa aina yake duniani, na alikuwa uani kwetu bila jina la kisayansi mpaka juzi.

Swila hutema kwa kubana tezi huku tundu la chonge limeelekea mbele badala ya chini. Sumu hufika zaidi ya mita mbili. Watafiti waliojikinga nyuso kwa kioo na kuwachokoza waligundua kwamba nyoka huyu hulenga uso unaosogea, na kwamba hutikisa kichwa haraka wakati wa kutema ili matone yatawanyike kwa upana unaotosha macho mawili. Mwaka 2021 kundi la wanasayansi lilichapisha kwamba uwezo huu ulizuka mara tatu, kila mara peke yake: kwa fira wa Afrika, kwa fira wa Asia, na kwa ndugu yao mmoja wa kusini mwa Afrika. Katika kila ukoo sumu ilibadilika kwa namna ileile ili iumize zaidi. Walitoa pia dhana kwamba waliowasukuma kufika huko huenda ni mababu wa binadamu, viumbe wanaosimama kwa miguu miwili na kurusha mawe kutoka mbali. Dhana hiyo haijathibitishwa. Mimi naiona ina utamu wake: huenda mate yale yalitengenezwa kwa ajili yetu.

Lakini kutema si kuua. Swila hatemi ili ale. Akitaka kula anang'ata, na ndani ya ule mng'ato ndimo tatizo letu lilimo. Sumu ya swila huozesha nyama. Mguu huvimba, malengelenge hutoka, ngozi inageuka nyeusi na kubanduka, na mtoto aliyenusurika kifo anaweza kukaa wodini miezi, akibandikwa ngozi ya paja lake juu ya kidonda cha mkono.

Na anang'ata wapi? Hili ndilo neno langu kuu leo. Chatu unamkuta kichakani, penye maji, penye mawe, kwake. Swila anakuja kwako. Anafuata panya walioko kwenye gunia la mahindi, mayai na vifaranga vilivyoko bandani, vyura walioko penye maji yanayovuja. Huingia usiku kupitia upenyo chini ya mlango. Mtu aliyelala mkekani anageuka usingizini, mkono wake unamwangukia, au vidole vinavyosogea vinadhaniwa ni panya. Madaktari wa Eswatini na Afrika Kusini wameandika kwa miaka mingi juu ya swila wa Msumbiji anayewauma watu kitandani, watoto kwa wakubwa, na aina yetu ya shingo nyeusi ina tabia hiyohiyo. Hakuna hadithi ya kusimulia hapo. Hakuna mti, hakuna kamba, hakuna polisi. Ni kilio cha saa nane za usiku, tochi, na nyoka ambaye mara nyingi hata haonekani.

Ndiyo sababu nasema tumepima vibaya. Kijiji kikimwona chatu, watu hamsini hukimbia na mapanga. Kijiji kichohicho huacha upenyo wa vidole vinne chini ya mlango wa chumba cha watoto mwaka mzima.

Lile swali la vijana sasa. Nani hushinda? Anayeshinda ni mkubwa. Fira-mfalme wa Asia, ambaye si wa jenasi moja na fira wetu, chakula chake kikuu ni nyoka wengine, wakiwemo chatu wadogo. Fira wetu kadhaa pia hula nyoka. Chatu mkubwa akimkamata fira naye hatamwachia. Tosha.

Afadhali tuzungumze kuhusu wanavyolea. Fira wetu hutaga mayai yake shimoni au ndani ya kichuguu na kuondoka. Chatu jike hutaga mengi, mara nyingi thelathini hadi hamsini, huyazungushia mwili wake na kukaa nayo takriban miezi mitatu bila kula. Graham Alexander wa Chuo Kikuu cha Witwatersrand aliwafuata chatu wa kusini mwa Afrika kwa miaka kadhaa, na mwaka 2018 akachapisha jambo ambalo halikuwa limejulikana. Jike huyo hubadilika rangi akawa mweusi kipindi cha uzazi, huota jua mpaka mwili unafikia karibu nyuzi 40, kisha hurudi shimoni na joto lile kuyapasha mayai. Mayai yakianguliwa, wana hukaa naye kama wiki mbili, mchana wakiota jua mlangoni mwa shimo, usiku wakilala ndani ya mapindo yake. Amekonda vibaya mno, na hataweza kuzaa tena mwaka unaofuata. Mnyama tunayemwita katili ndiye mama wa namna hii.

Watu wetu wa bara walimwona hivyo zamani. Kule Nyakach, pwani ya Ziwa Viktoria, Wajaluo humheshimu chatu wanayemwita Omieri, wakiamini huja na mvua na mavuno. Mwaka 1987 chatu mmoja aliyeitwa kwa jina hilo alijeruhiwa na moto, watu wa makumbusho wakashughulika kumtibu, na alipokufa nchi nzima ilijadili kifo cha nyoka. Kwa Wasukuma, wachezaji wa ngoma huingia uwanjani na chatu mabegani, na huko Bujora karibu na Mwanza ngoma hiyo bado inachezwa. Angalieni chaguo lao. Walikuwa na nyoka wa kila aina, na mafundi wao walijua hata kuwashika wenye sumu, lakini aliyepewa heshima ya kucheza na umma ni huyu asiye na sumu. Mimi naona hapo pana ujuzi wa kupima hatari kuliko wetu wa leo.

Na kwa kuwa tunazungumzia hatari isiyotazamwa, niwape kisa cha Uganda. Katika msitu wa Maramagambo, ndani ya Hifadhi ya Malkia Elizabeth, pana pango linaloitwa Pango la Chatu. Watalii walikuwa wakiingia kuwatazama chatu wakila popo. Mwaka 2008 mwanamke mmoja wa Uholanzi aliyelitembelea alirudi kwao akafa. Chatu hawakumgusa. Alikufa kwa virusi vya Marburg, vinavyobebwa na popo wale, wale ambao hakuna aliyewaogopa kwa kuwa macho yote yalikuwa kwa nyoka.

Sasa yale ya kufanya, na hapa nawaomba mnisikilize hata kama mengine yamewachosha.

Chatu akikuuma, utatoka damu nyingi kwa sababu meno ni mengi na yamepinda. Osha kwa maji na sabuni, nenda hospitali upate sindano ya pepopunda, kidonda kisije kikaoza. Akimviringa mtu, mfungueni kwa kuanzia mkiani, si kichwani, na iwe kazi ya watu wengi.

Swila akitemea macho, maji. Maji mengi, safi, kwa robo saa au zaidi, kope zikiwa wazi. Maji yakikosekana, maziwa yanafaa. Tupa ushauri wa kupaka majani au kitu kingine chochote. Kisha hospitali siku hiyohiyo, kwa sababu kioo cha jicho kikichubuka na kuingia wadudu, upofu unafuata.

Fira au swila akiuma, usichanje, usinyonye, usifunge kamba. Kamba inayozuia damu juu ya sumu inayoozesha nyama huharakisha kukatwa kwa mguu. Jiwe jeusi linalobandikwa kwenye jeraha, ambalo wengi wetu tunalo kabatini, limechunguzwa na halinyonyi sumu. Najua nitapata maadui kwa kusema hivyo. Vua pete na bangili kabla mkono haujavimba, kitulize kiungo kisitikisike, na mgonjwa asitembee kwa miguu. Kama ni bodaboda, akae katikati, mtu mwingine nyuma amshike. Msipoteze saa moja kumsaka nyoka.

Mtafika hospitali, na hapo ndipo mnaweza kukuta kabati tupu. Dawa ya kuzuia sumu hutengenezwa leo kwa njia iliyobuniwa miaka ya 1890, ambayo Albert Calmette aliianza kwa sumu ya fira wa Asia: farasi hudungwa sumu kidogo kidogo, mwili wake hutengeneza kinga, na kinga hiyo huchujwa kutoka katika damu yake. Inafanya kazi, mradi iwe imetengenezwa kwa sumu ya nyoka wa kwenu. Afrika imewahi kuuziwa dawa zilizotengenezwa dhidi ya nyoka wa India, na mgonjwa akafa akiwa na dripu mkononi. Mwaka 2014 kampuni ya Sanofi ilisitisha utengenezaji wa Fav-Afrique, moja ya dawa zilizotegemewa barani, na chupa za mwisho zikaisha muda wake mwaka 2016. Mwaka uliofuata Shirika la Afya Duniani likaweka kuumwa na nyoka katika orodha ya magonjwa ya tropiki yaliyopuuzwa, na mwaka 2019 likaweka lengo la kupunguza vifo kwa nusu ifikapo 2030. Nairobi kuna kituo cha utafiti wa sumu za nyoka katika Taasisi ya Utafiti wa Nyani pale Karen, kinachohangaikia dawa inayofaa nyoka wa Kenya. Ni kazi ya miaka, na ya fedha.

Kinga ya nyumbani haihitaji kungoja hayo. Utafiti uliofanyika Nepal, uliochapishwa mwaka 2007, ulionyesha kwamba wanaolala ndani ya chandarua huumwa na nyoka kwa nadra kuliko wasiokitumia. Chandarua kile tulichopewa kwa ajili ya malaria kinamzuia nyoka pia, kikichomekwa vizuri chini ya godoro au mkeka. Basi mtoto asilale sakafuni bila chandarua. Uzibeni upenyo wa chini ya mlango kwa ubao au gunia. Mahindi yawekwe kwenye pipa lenye kifuniko, na banda la kuku lihamishwe kutoka ukuta wa chumba cha kulala. Usiku, tochi na viatu, hata kama choo kiko hatua kumi.

Kuhusu chatu, wote duniani wako chini ya mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama walio hatarini, kwa kuwa ngozi yao imewaponza kwa miaka mingi. Mkimwona shambani, mpeni njia au waiteni watu wa wanyamapori. Ndezi wanaokula miwa na mahindi yenu ni chakula chake.

Na ombi la mwisho ni kwa wote, hasa madiwani wetu walioketi safu ya mbele. Kesho asubuhi piteni kwenye zahanati iliyo karibu nanyi muulize mambo matatu: kama dawa ya kuzuia sumu ya nyoka ipo, kama ni ya nyoka wa Afrika, na tarehe yake ya kuisha ni lini. Jibu likiwa hakuna, ulizeni iliyo karibu ni wapi na ni umbali gani kwa bodaboda usiku. Andikeni jibu hilo ukutani nyumbani, na nakala mpeleke ofisi ya afya ya kaunti.